Namna ya kujua nyumba ya mkopo itakugharimu kiasi gani mpaka rejesho la mwisho

Mtu akishapewa barua ya ofa ya mkopo wa nyumba, macho yake huenda moja kwa moja kwenye rejesho la mwezi. Anapiga hesabu ya mshahara, anatoa matumizi ya nyumbani na ada za watoto, anaona kinabaki kitu, anatafuta kalamu. Kazi yangu ni uhasibu, na kwa kuwa ndugu na majirani wanalijua hilo, barua hizi nyingi hupita mezani kwangu kabla hazijatiwa saini. Nikiipokea, naifunika kwanza ile namba ya rejesho kwa kipande cha karatasi. Kisha nauliza mambo manne: unapokea kiasi gani mkononi, kwa riba gani, riba hiyo inahesabiwaje, na kwa miezi mingapi. Rejesho huzaliwa na hayo manne. Benki inaweza kulifanya dogo upendavyo kwa kuongeza miezi tu, na hapo ndipo watu makini kabisa wanapolipa bei ya nyumba ya pili bila kujua.

Nitaeleza ninavyoisoma barua hiyo. Mfano wangu ni mkopo wa 10,000,000, riba ya asilimia 12 kwa mwaka, muda wa miaka 20. Sarafu sikuitaja kwa makusudi. Weka ya kwako, ongeza au punguza sifuri, uwiano utabaki uleule.

Dai ratiba nzima ya marejesho

Omba ratiba ya mwezi kwa mwezi mpaka mwezi wa mwisho. Usikubali muhtasari wa ukurasa mmoja. Kwa miaka 20 ni mistari 240, na mfumo wa benki unayo tayari, kwa hiyo afisa mikopo haombwi kazi kubwa. Akisita, mwambie kwa upole kwamba hutatia saini mpaka uipate.

Ikifika, chukua rula na penseli. Kila mstari una rejesho la mwezi huo, na pembeni yake rejesho limegawanywa mara mbili: kiasi kinachokwenda kwenye riba, na kiasi kinachopunguza deni la msingi, yaani ile fedha yenyewe uliyokopa. Mwisho wa mstari kuna salio. Katika mfano wetu rejesho ni 110,109, na halibadiliki kwa miaka yote 20. Mstari wa kwanza unasema hivi: riba 100,000, deni la msingi 10,109.

Hapo wengi hudhani benki imekosea. Haijakosea. Asilimia 12 kwa mwaka ni asilimia 1 kwa mwezi, na asilimia 1 ya milioni 10 ni 100,000. Riba huchukua chake kwanza, kinachobaki ndicho kinachogusa deni. Mwezi wa pili salio limeshuka hadi 9,989,891, riba inakuwa 99,899, na deni la msingi linapata 10,210. Umepiga hatua ya kama 101 tu. Miezi inayofuata inakwenda kwa mwendo huohuo wa polepole, na kasi inakuja baadaye sana.

Sasa weka rula chini ya mstari wa 60. Miaka mitano imepita, hujakosa rejesho hata moja, umelipa jumla ya milioni 6.6. Salio ni 9,174,433. Maana yake deni limepungua kwa 825,567, na milioni 5.78 zimekwenda kwenye riba. Shuka mpaka mstari wa 172, ndio wa kwanza ambapo sehemu ya deni la msingi inaizidi sehemu ya riba. Mstari wa 180, yaani miaka 15 imetimia, salio ni milioni 4.95. Imekuchukua miaka 15 kulipa nusu ya deni, na nusu ya pili italipwa ndani ya miaka mitano iliyobaki.

Mimi huwaomba wenye barua waandike kwa mkono wao, pembeni ya mistari hiyo mitatu, umri watakaokuwa nao siku hiyo. Mtu akijiandikia mwenyewe "miaka 53" mbele ya salio la karibu milioni 5, ataisoma ratiba kwa utulivu zaidi kuliko nikimhutubia saa nzima.

Jumla ya yote: 110,109 mara 240 ni milioni 26.43. Umekopa 10, utarudisha 26.43, na riba peke yake ni milioni 16.43.

Usisubiri benki ndiyo ikupe hesabu hii. Kwenye lahajedwali (programu ya hesabu kama Excel) ya kompyuta au simu andika =PMT(0.12/12,240,-10000000) na rejesho litatokea. Ukitaka kuijenga ratiba mwenyewe, safu zinazohitajika ni chache: salio la mwanzo wa mwezi, riba (salio mara kiwango cha mwaka, gawanya kwa 12), deni la msingi (rejesho toa riba), salio jipya. Andika mstari mmoja, kokota chini mpaka mwezi wa mwisho. Ratiba yako ikitofautiana sana na ya benki, uliza kwa nini. Mara nyingi jibu ni ada au bima iliyoingizwa ndani ya rejesho bila kutajwa vizuri.

Muda ndio unaokula fedha

Wanaokopa hubishana na benki juu ya riba, na ni haki yao. Mkopo huohuo kwa asilimia 11 badala ya 12 una rejesho la 103,219, na jumla inapungua kwa milioni 1.65. Si haba. Lakini muda una uzito mkubwa zaidi, na muda mkopaji huuacha upite bila hata kuuliza, kwa sababu kurefusha kunaonekana kama msaada.

Angalia milioni 10 zilezile kwa asilimia 12. Kwa miaka 10, rejesho ni 143,471 na jumla ni milioni 17.2. Kwa miaka 15, rejesho ni 120,017 na jumla milioni 21.6. Kwa miaka 20 tumeona, 110,109 na milioni 26.4. Kwa miaka 25 rejesho linashuka hadi 105,322 na jumla inapanda hadi milioni 31.6. Kwa miaka 30 ni 102,861, na jumla ni milioni 37.

Soma hizo mbili za mwisho tena. Kutoka miaka 25 kwenda 30 unapata nafuu ya 2,461 kwa mwezi, na unailipia milioni 5.4. Nafuu yenyewe inazidi kuwa ndogo kadiri unavyorefusha, kwa sababu rejesho haliwezi kamwe kushuka chini ya riba ya mwezi, ambayo hapa ni 100,000. Ukishaikaribia sakafu hiyo, kila mwaka unaoongeza ni zawadi kwa mkopeshaji.

Kwa upande wa pili, kutoka 20 kurudi 15 kunakudai 9,908 zaidi kila mwezi na kunakuokolea milioni 4.8. Mtu akiniuliza aongee nini na benki kwanza, namwambia aongelee muda. Achague muda mfupi kadiri mfuko wake unavyohimili hata katika mwezi mbaya, kisha ndipo waje kwenye riba.

Asilimia 8 inaweza kuwa ghali kuliko asilimia 12

Dada mmoja wa ukoo wetu aliniletea ofa mbili, zote za milioni 10 kwa miaka 15. Moja ilikuwa ya asilimia 12, nyingine ya asilimia 8, na alikuwa ameshaamua. Nani atakataa 8 achukue 12? Nikamwomba tuzisome hadi maandishi madogo. Ile ya 12 riba yake ilihesabiwa juu ya salio, kwa hiyo kila deni likipungua na riba inapungua. Ile ya 8 riba ilihesabiwa juu ya mkopo wote wa mwanzo, mwaka hadi mwaka, kana kwamba hajalipa hata senti. Ndiyo inayoitwa na wengi riba ya flati.

Tukaandika kwa penseli. Asilimia 8 ya milioni 10 ni 800,000. Mara miaka 15 ni milioni 12. Jumla milioni 22, gawanya kwa miezi 180, rejesho ni 122,222. Ile ya asilimia 12 juu ya salio ilikuwa na rejesho la 120,017. Asilimia 8 ilikuwa ghali kuliko 12, kwa karibu 400,000 katika jumla. Na kuna ubaya mwingine: kwenye flati, mwaka wa kumi ukiwa umebakiza theluthi ya deni, bado unatozwa riba ya milioni 10 nzima. Ukitaka kumaliza mapema, baadhi ya wakopeshaji hukudai riba yote iliyobaki au sehemu yake kubwa, hivyo faida ya kuwahi inayeyuka.

Kwa hiyo usilinganishe asilimia kwa asilimia kabla hujajua kila moja inahesabiwa juu ya nini. Uliza kwa maneno haya: "Riba hii ni juu ya salio au juu ya mkopo wote?" Jibu lisipoeleweka, rudi kwenye kipimo kisichodanganya: rejesho mara idadi ya miezi, jumlisha ada zote.

Kuna pia kiwango kinachochanganya riba na ada kuwa asilimia moja ya mwaka, gharama halisi ya mkopo. Marekani ilitunga sheria mwaka 1968 ya kumlazimu mkopeshaji amwonyeshe mkopaji kiwango hicho, na Umoja wa Ulaya ukaweka maelekezo yake kuhusu mikopo ya nyumba mwaka 2014. Kama unakoishi benki inatakiwa kukitoa, kidai kwa maandishi, na ukitumie kulinganisha ofa za muda unaofanana.

Wanaochukua ufadhili usio na riba, ambapo benki hununua nyumba kisha inakuuzia kwa bei ya juu kwa awamu, wana faida moja nzuri: bei yote inajulikana siku ya kwanza na haipandi. Bado fanya hesabu ileile. Gawanya bei yote ya kuuziwa kwa bei ya nyumba, ulinganishe na ofa nyingine za muda uleule, na uulize utapunguziwa kiasi gani ukimaliza mapema.

Riba ikipanda katikati ya safari

Riba isiyobadilika kwa muda wote wa mkopo si jambo la kila mahali. Marekani mkopo wa miaka 30 wenye riba ya kudumu ni kitu cha kawaida. Uingereza wengi hupata riba ya kudumu kwa miaka miwili au mitano, baada ya hapo inabadilika. Kwingine inabadilika tangu siku ya kwanza, ikifuata kiwango fulani cha rejea (riba ya kupimia, kama ile ya benki kuu) pamoja na nyongeza ya benki. Tafuta kifungu hicho kwenye mkataba, na usome kama benki inaweza kubadilisha kile kiwango cha rejea tu, au pia nyongeza yake yenyewe.

Halafu fanya jaribio hili kwenye ratiba. Chukua salio baada ya miaka mitatu, ambalo kwetu ni 9,564,552. Pandisha riba kutoka 12 hadi 14. Ili umalize kwa muda uleule, rejesho linapanda kutoka 110,109 hadi 123,141, yaani 13,000 zaidi kila mwezi. Je, mshahara wako unaibeba hiyo?

Benki nyingine itakuambia usihofu, rejesho libaki palepale, muda tu utarefuka. Hesabu kwanza. Asilimia 14 ya salio hilo, gawanya kwa 12, ni 111,586. Rejesho lako ni 110,109. Halitoshi hata kulipa riba ya mwezi huo. Tofauti inaongezwa kwenye deni, mwezi unaofuata deni ni kubwa zaidi, na riba yake nayo ni kubwa zaidi. Unalipa kwa uaminifu na deni linakua. Hili ndilo jambo ninalotaka kila mkopaji wa riba inayobadilika alijue kabla ya siku ya kutia saini: katika miaka ya mwanzo, pale ambapo rejesho karibu lote ni riba, ongezeko la asilimia 2 tu linatosha kuugeuza mkopo urudi nyuma.

Na usikope kwa sarafu ambayo mshahara wako hauijui. Nchini Polandi, wakopaji wengi wa nyumba walichukua mikopo ya faranga ya Uswisi kwa kuwa riba yake ilikuwa ndogo kuliko ya sarafu yao. Tarehe 15 Januari 2015 benki kuu ya Uswisi iliacha kuizuia faranga isipande dhidi ya euro, na thamani ya faranga ikaruka siku hiyohiyo. Deni kwa faranga halikuongezeka hata moja, lakini kwa fedha waliyolipwa kazini liliongezeka wakiwa wamelala.

Gharama zisizo ndani ya rejesho

Hizi nazipitia haraka kwa kuwa zinatofautiana sana, lakini ziandike zote kwenye karatasi moja: ada ya kushughulikia mkopo, malipo ya mthamini, wakili, ushuru wa stempu au kodi ya kuhamisha umiliki, gharama ya kusajili rehani, bima ya jengo, bima ya maisha inayolipa deni ukifariki.

Ada ikikatwa kwenye mkopo wenyewe, elewa kilichotokea. Ukikatwa asilimia 2, unapokea 9,800,000 na kulipa riba ya 10,000,000. Asilimia 12 yako imeshakuwa karibu 12.3. Ada zikijumlishwa juu ya mkopo ndiyo zaidi, kwa sababu nazo zinazaa riba kwa miaka 20: kila 300,000 ya ada iliyoingizwa kwenye deni italipwa 793,000. Kama una uwezo, ada zilipe taslimu.

Kwa bima, uliza inahesabiwa juu ya mkopo wa mwanzo au juu ya salio. Nusu asilimia kwa mwaka ya mkopo wa mwanzo ni 50,000, na kwa miaka 20 inafika milioni 1. Uliza pia kama unaruhusiwa kutafuta bima mwenyewe nje ya benki.

Halafu kuna nyumba yenyewe. Paa, mabomba, rangi, nyaya, kodi ya majengo, ada za pamoja kama ni ghorofa. Kanuni ambayo wengi huitumia ni kutenga asilimia 1 ya thamani ya nyumba kila mwaka kwa matengenezo. Ni makadirio tu, lakini ni bora kuliko kuacha nafasi tupu.

Sasa jumlisha. Tuseme nyumba ni 12,500,000, umetoa malipo ya awali 2,500,000 na kukopa 10,000,000. Malipo ya awali 2.5, marejesho 26.43, tuseme ada za mwanzo 0.5, bima 1, matengenezo 2.5. Jumla ni milioni 32.93. Nyumba ya milioni 12.5 imekugharimu karibu mara 2.6 ya bei yake. Namba hiyo ndiyo ninayoiandika juu kabisa ya barua ya ofa, kwa wino.

Lakini namba hiyo isomwe kwa haki

Kuna wanaoona milioni 32.93 wakaapa hawatakopa maisha yao. Nisingependa mtu afike huko kwa hesabu nusu. Fedha ya mwaka wa 20 si nzito kama ya leo. Mfumuko wa bei ukiwa asilimia 5 kwa mwaka, rejesho la mwisho la 110,109 litakuwa na uwezo wa kununua wa kama 41,500 za leo, na marejesho yote 240 kwa thamani ya leo ni chini kidogo ya milioni 17, si 26. Nafuu hiyo ni ya kweli, kwa sharti moja: kipato chako nacho kipande. Ambaye mshahara wake umesimama palepale hapati nafuu hiyo, anapata bei za sokoni zinazopanda huku rejesho likimsubiri.

Jambo la pili ni kodi ya pango ambayo hutailipa. Njia ninayoipenda ya kulinganisha ni kujiuliza, nikiuza baada ya miaka mitano nitakuwa nimelipa kodi kiasi gani? Umetoa malipo ya awali 2.5, ada 0.5, marejesho 6.61, jumla milioni 9.61. Nyumba ikiuzwa kwa bei ileile ya 12.5, unalipa salio la 9.17, unabaki na 3.33. Milioni 6.28 zimekwenda. Gawanya kwa miezi 60 upate karibu 104,700 kwa mwezi, bila dalali, bima wala matengenezo. Kama nyumba kama hiyo inapangishwa kwa 60,000, uliishi kwa gharama kubwa. Kama inapangishwa kwa 110,000, ulikuwa sawa. Bei ya nyumba ikipanda, hesabu inageuka kwa faida yako, lakini mimi huanza na bei ileile kwa sababu hiyo haihitaji bahati.

Kutokana na hesabu hiyo, anayejua atahama ndani ya miaka minne au mitano namshauri apange. Miaka ya mwanzo ya mkopo ndiyo ghali kuliko yote.

Ukishachukua: namna ya kulipunguza

Dawa ya deni ni kulipa, na dawa hii ina nguvu zaidi ikinywewa mapema. Ongeza 10,000 kwenye rejesho la mfano wetu tangu mwezi wa kwanza, uwe unatoa 120,109. Mkopo unaisha mwezi wa 180 badala ya 240. Miaka mitano mizima imefutwa, na milioni 4.85 zimebaki kwako. Sababu iko kwenye ule mstari wa kwanza wa ratiba: deni la msingi lilikuwa linapata 10,109 tu, kwa hiyo 10,000 ya ziada imelikaribia kulizidisha mara mbili.

Kuna mtego hapa. Benki ikipokea fedha ya ziada bila maelekezo, inaweza kuihesabu kama rejesho la mwezi ujao lililolipwa mapema, au kuiweka tu kwenye akaunti yako isubiri. Riba haipungui. Kila unapolipa zaidi, andika barua au ujumbe wenye maneno haya: "Kiasi hiki kipunguze deni la msingi, rejesho libaki lilelile, muda ufupishwe." Baada ya wiki mbili omba taarifa ya mkopo na uhakikishe salio limeshuka kwa kiasi chote. Kabla ya hapo soma kwenye mkataba kama kuna ada ya kulipa kabla ya wakati, na ni asilimia ngapi ya nini.

Fanya hivyo baada ya kuweka akiba ya dharura, si kabla. Fedha iliyoingia kwenye kuta za nyumba hairudi kirahisi mtoto akilazwa hospitali.

Jihadhari na simu ya kukuambia umestahili kuongezewa mkopo au kurefushiwa. Ukiwa umelipa miaka mitano na salio ni 9,174,433, wakikuanzishia upya miaka 20, rejesho linashuka hadi 101,018. Umepata nafuu ya 9,090 kwa mwezi. Kwenye ratiba ya zamani ulikuwa umebakiza milioni 19.8 za kulipa, kwenye mpya ni milioni 24.2. Unarudishwa kwenye mistari ile ya mwanzo, ambako karibu kila kitu ni riba. Kama unahitaji kuhamia benki yenye riba ndogo, hama, lakini hamia kwa muda uliobaki, miaka 15, usikubali 20 mpya.

Kusimamisha marejesho kwa muda nako si bure. Miezi mitatu bila kulipa mwanzoni mwa mkopo huu inafanya deni liwe 10,303,010, kwa kuwa riba haikusimama pamoja na wewe. Kwa mtu aliyepoteza kazi hilo bado linaweza kuwa bora kuliko kunadiwa nyumba, na asione haya kuliomba mapema kabla hajaanza kuchelewa. Aombe tu aonyeshwe ratiba mpya kabla ya kukubali.

Rejesho la mwisho likishapita, kazi moja imebaki, na nimeona watu wakiiacha miaka. Deni kuisha kwenye kompyuta ya benki hakufuti rehani kwenye daftari la ardhi. Omba barua ya kuthibitisha kwamba hudaiwi, omba hati ya kuondoa rehani, ipeleke kwenye ofisi ya usajili, ulipe ada yake, kisha fanya upekuzi wa hati uone kwa macho yako kwamba jina la benki halipo tena. Sitisha pia makato ya mshahara na bima ya mkopo, kwa sababu zinaweza kuendelea kukatwa mpaka mtu aandike barua. Hati miliki ikirudi mikononi, toa nakala mbili na uziweke mahali tofauti.